Maswali yenu: Aparna Sen, binti wa mvua aliyegeuka dairekta

Toleo lililopita niliandika kidogo tu kuhusu Raakhee, yule muigizaji wa picha za Kihindi, nikasema kazi yake ninayoipenda kuliko zote wala sio ya Kihindi, ni ya Kibengali, inaitwa Parama, na aliyeiongoza ni mwanamke ambaye mwenyewe alikuwa staa wa sinema. Sentensi moja hio. Tangu siku ile meseji haziishi, wengine mnauliza wengine mnagomba kabisa, kwa hiyo mwezi huu safu yote ni ya huyo mama. Jina lake Aparna Sen.

Anti, mimi picha za Kihindi nimezianza toka enzi za kanda za video, Raakhee namjua, Shabana namjua, Sharmila namjua. Huyu Aparna Sen ndo kwanza namsikia kwako. Katokea wapi? (Mama Wawili, Tanga)

Mama Wawili, hujapitwa peke yako. Picha zilizokuwa zinatufikia huku karibu zote zilikuwa za Bombay, za Kihindi, na watu wengi mpaka leo wanadhani sinema ya India ni hio tu, kumbe Kolkata, ule mji ulioitwa Calcutta zamani, una sinema yake kwa lugha yake ya Kibengali na una mastaa wake ambao kule ukitaja jina mtu anasimama. Aparna kazaliwa huko tarehe 25 Oktoba 1945. Baba yake, Chidananda Dasgupta, alikuwa mhakiki wa filamu, na mwaka 1947 yeye na Satyajit Ray, aliyekuja kuwa dairekta mkubwa wa Kibengali, na wenzao walianzisha klabu ya filamu ya Calcutta, wanatafuta picha za nje wanaziangalia wanabishana. Kwa hiyo huyu mtoto amekulia kwenye nyumba ambayo sinema inazungumzwa kama wengine wanavyozungumza mpira.

Mwaka 1961 Ray alitoa Teen Kanya, maana yake mabinti watatu, hadithi tatu za Rabindranath Tagore, yule mwandishi mkubwa wa Kibengali, mwaka ule ndo ilikuwa inatimia miaka 100 toka Tagore azaliwe. Hadithi ya mwisho inaitwa Samapti na Aparna ndo Mrinmoyee, msichana mtukutu wa kijijini anayecheza na wavulana na kufuga kindi, anaozeshwa kwa kijana msomi aliyetoka mjini, na usiku wa harusi anashuka kwa mti anatoroka, anaenda kubembea ukingoni mwa mto. Usiku wa harusi! Mume ni Soumitra Chatterjee. Nenda kaangalie uso wa yule binti kwenye ile bembea halafu kumbuka ana miaka 15 hivi na hajawahi kucheza filamu hata moja kabla ya hapo.

Lakini kuna jambo la kabla ya filamu nataka mlishike maana nitalirudia. Mwaka 1960 mpiga picha mmoja wa New Zealand, Brian Brake, alikuwa India anapiga picha za masika, akamchukua Aparna akampandisha kwenye paa la nyumba pale Calcutta. Picha mnaweza kuwa mmeshaiona bila kujua ni nani: msichana kafumba macho, uso kauinua juu, matone yamemjaa usoni, nguo nyekundu. Jarida la Life liliitoa 1961 na dunia nzima ikaipenda, ikaonekana ndo India yenyewe inapokea mvua. Mvua haikuwepo. Kulikuwa na mtu anamwagia maji kwa kopo la kumwagilia maua, na kile kipini cha puani kilibandikwa tu. Binti wa mjini, wa miaka 14, kavishwa akawa binti wa shamba. Alishajua akiwa mdogo vile kwamba picha yako inaweza kuzunguka dunia nzima na ndani yake wewe mwenyewe haumo.

Ni kweli ndo mwanamke wa kwanza wa Kibengali kuacha kuigiza akawa dairekta? (Msomaji, Morogoro)

Hapana, na tusiwapokonye wenzake haki yao. Manju Dey alikuwa muigizaji akaongoza filamu kwenye miaka ya 60, na Arundhati Devi naye, muigizaji mkubwa tu, aliongoza Chhuti mwaka 1967 ikapata tuzo ya taifa. Njia ilikuwepo, nyembamba lakini ipo. Alichofanya Aparna ni kuipita miaka 40 na zaidi bila kurudi nyuma.

Kama alikuwa mzuri hivo na kafunzwa na Satyajit Ray mbona hakuwa staa wa Bombay kama Sharmila Tagore? (Shabiki wa zamani, Unguja)

Alikwenda, kaka. Mwaka 1969 alicheza Vishwas na Jeetendra, na 1977 yumo ndani ya Imaan Dharam, ile yenye Amitabh na Shashi Kapoor na Sanjeev Kumar, itafute utamwona. Ila Bombay haikumnasa na mimi nadhani ni heri. Sharmila naye alianzia kwa Ray, akaenda akapata filamu ya Aradhana akawa wa watu wote. Aparna alirudi nyumbani, akawa heroini wa filamu za kawaida za Kibengali, na Uttam Kumar, na Soumitra, mapenzi, vichekesho kama Basanta Bilap, picha baada ya picha, na katikati hapo Mrinal Sen na Ray wakawa wanamwita kwa kazi zao nzito. Watu huziruka hizo za kawaida wanapoandika habari zake. Mimi siziruki. Mtu aliyekaa kwenye seti miaka 20 ameshajua taa inawekwaje, ameshaona dairekta anayepoteza siku nzima kwa kutojua anachotaka, na ameshaona muigizaji wa pembeni anavyosahauliwa hata maji ya kunywa. Hayo yote alikuja kuyatumia.

Anti shikamoo. Mimi muigizaji wa bongo muvi, miaka 34, nimeanza kuambiwa sasa nicheze mama wa staa, na huyo staa tunalingana umri. Nina skripti yangu nimeiandika miaka miwili iko kabatini. Naogopa kuchekwa. Huyo mama yako alianzaje? (Dada wa Sinza, Dar)

Marahaba mdogo wangu. Swali lako ndo limenifanya niandike safu hii yote, ngoja nikae nalo.

Aparna alipotoa filamu yake ya kwanza, 36 Chowringhee Lane, mwaka 1981, alikuwa na miaka 35. Karibu umri wako. Sasa angalia aliandika nini. Staa wa mapenzi, uso unaouza tiketi, ungetegemea aandike hadithi ya kujipamba mwenyewe. Kaandika habari za mwalimu mzee, Violet Stoneham, mwanamke wa jamii ya machotara wa Kiingereza na Kihindi waliobaki Calcutta baada ya Uhuru, ndugu zake wamehama mmoja mmoja, yeye kabaki na paka anaitwa Sir Toby na kaka mgonjwa kwenye nyumba ya wazee. Shuleni alikuwa anafundisha Shakespeare, wanampokonya wanampa mwalimu kijana, yeye anaambiwa afundishe sarufi madarasa ya chini. Filamu yenyewe ni ya Kiingereza kwa sababu watu wale hicho ndo wanachozungumza nyumbani. Hebu fikiria, filamu ya kwanza, hadithi ya bibi mpweke, lugha ambayo sio ya mashabiki wake, na yeye mwenyewe mhusika mkuu hachezi.

Skripti aliipeleka kwa Ray. Hakupeleka kwa shoga wa kumsifia, kapeleka kwa mtu ambaye angemwambia ukweli hata kama unauma. Ray akaisoma akamwambia itengeneze, mtafute Shashi Kapoor. Na hapa ndo utaona ile miaka ya kuigiza haikwenda bure, maana Shashi walikuwa wanajuana. Mwaka 1970 kwenye Bombay Talkie Aparna alicheza mke wa Shashi, na yule mwanamke mwingine anayemvuruga mume wake alikuwa Jennifer Kendal, ambaye nje ya filamu ndo mke halisi wa Shashi. Miaka 10 baadaye Shashi ndo prodyuza na Jennifer ndo Miss Stoneham. Hela alizokuwa anapata Shashi kwenye mapicha makubwa ya Bombay ndo hizo alikuwa anazitia kwenye filamu kama hizi, na kwa hilo mimi namheshimu kuliko kwa ile filamu yake ya Deewaar.

Nikwambie kipande kimoja tu. Kuna kijana na mpenzi wake, mwanafunzi wa zamani wa Miss Stoneham, hawana pa kukutania, wanamdanganya bibi kwamba kijana anahitaji sehemu tulivu ya kuandikia. Bibi anawapa nyumba yake mchana akiwa kazini. Anafurahi, nyumba ina sauti za watu tena, ana wa kunywa nao chai. Wakishaoana wakapata kwao hawamtaki tena. Krismasi inakuja wanamwambia hawatakuwepo. Yeye anaoka keki, anaibeba kwa mikono yake mpaka kwao kwenda kuwaachia tu wakirudi waikute, anafika taa zinawaka, muziki, anachungulia dirishani, nyumba imejaa wageni. Hakuna anayemfukuza. Hakuna hata anayejua yuko pale. Anageuka na keki yake anaondoka usiku ule, mbwa wa mtaani anamfuata, na yeye anaanza kumsomea yule mbwa maneno ya Mfalme Lear wa Shakespeare. Mimi nimeiona mara tatu na hapo sijawahi kupita macho makavu, maana ninao wazee wangu wawili watatu ambao nilikunywa chai yao nikiwa na shida zangu, shida zilipoisha nikapunguza kwenda.

Filamu hio ilimpa Aparna tuzo ya taifa ya India ya uongozaji bora, filamu yake ya kwanza hio, Ashok Mehta aliyeshika kamera naye akapata yake, na mwaka 1982 ikachukua tuzo kuu kwenye tamasha la Manila.

Kwa hiyo mdogo wangu hio skripti itoe kabatini. Mtafute mtu mmoja anayejua kazi na asiyekuogopa, mpe asome. Halafu orodhesha watu wote uliofanya nao kazi, hata yule wa taa, hata aliyewahi kukupa lifti kutoka lokesheni, hao ndo Shashi wako. Na hizo nafasi za mama wa staa usizikatae zote. Aparna hakuacha kuigiza, 1994 kacheza mama, msanii wa dansi aliyempa kazi yake muda kuliko mtoto wake, ndani ya Unishe April ya Rituparno Ghosh, na ni katika kazi zake bora kabisa.

Aunty mimi niliitafuta hiyo Parama nikaiona mpaka mwisho. Sijapenda. Mke wa mtu, ana watoto, anapendana na mpiga picha, na dairekta anamtetea! Hiyo ni funzo gani? (Baba Wa Watatu, Mombasa)

Baba Wa Watatu, ahsante kwa kuiona mpaka mwisho kabla ya kukasirika, wengi wanakasirikia waliyosimuliwa. Hata huko kwao Bengal, filamu ilipotoka katikati ya miaka ya 80 watu waligombana nayo hivo hivo. Ikapata tuzo ya taifa ya filamu bora ya Kibengali na watu wakaendelea kugomba.

Mimi nakuomba uirudie mwanzo tu, dakika chache za kwanza. Sikiliza wanavyomwita huyo mke, Parama. Mama, mke wa fulani, shangazi, mkwe. Kila mtu anamwita kwa kinachomhusu yeye, kuna mtu anataka chai, kuna mtu anataka dawa, jina lake halimhitaji mtu. Anakuja kijana na kamera, anataka kupiga picha za mama wa nyumbani wa Kihindi, na ndo wa kwanza kwa miaka mingi kumuuliza yeye anataka nini. Mimi sisemi alichofanya ni sawa, na sidhani filamu inasema hivo. Lakini yule mpiga picha naye mwangalie vizuri. Anaondoka zake, halafu picha aliyompiga faragha inatoka kwenye jarida, inafika nyumbani, mume anaiona. Yeye yuko mbali na kazi yake imesifiwa, aliyebaki kutengwa ndani ya nyumba yake ni mwanamke. Aparna alikuwa binti wa kwenye jarida miaka 20 na kitu nyuma, anajua anachokisema.

Na mwisho ule, daktari anapotaka kumpeleka akatibiwe hatia yake, Parama anasema hana hatia anayoisikia. Hapo ndo ulipokasirika, najua. Lakini ona anachokumbuka baada ya yote yale: jina la mmea. Filamu nzima kuna mmea alikuwa ameusahau jina, na pale kitandani linamjia, Krishnapallabi. Basi. Mtu amekipata kitu kimoja kidogo cha kwake kabla hajawa mke wa mtu yeyote.

Kuna filamu yake yoyote ya mtu na mavyaa wake? Sisi wakaza wana tunataka kuona kama na huko mambo ni haya haya. (Bi Harusi wa zamani, Pemba)

Ipo na ni tamu, Paromitar Ek Din ya mwaka 2000, ila itakushangaza maana mavyaa na mkaza mwana humo wanapendana. Mavyaa anaitwa Sanaka na Aparna kamcheza mwenyewe, mkaza mwana ni Rituparna Sengupta. Sanaka ana binti mwenye skizofrenia, Paromita ana mtoto mwenye ulemavu wa ubongo, na nyumba ile wanaume hawasaidii kitu, basi hawa wawili wanashikana. Mtoto anafariki, ndoa inavunjika, Paromita anaolewa kwingine, na bado Sanaka anapougua anakuja kumuuguza mavyaa wa ndoa iliyokufa. Filamu inaanzia kwenye shughuli ya msiba wa Sanaka, Paromita anaingia na watu wanamtazama jicho la huyu anatafuta nini hapa. Wewe umeshaona jicho hilo kwenye matanga, huhitaji subtaito.

Aliyecheza yule binti mgonjwa, Sohini, alipata tuzo ya taifa ya muigizaji msaidizi. Na ugonjwa huo Aparna aliurudia 2005 kwenye 15 Park Avenue, Shabana Azmi ni profesa wa fizikia anayemlea mdogo wake anayetafuta nyumba ambayo haipo. Kuna dada mmoja aliniandikia kwamba ana ndugu wa namna hio nyumbani na kijijini wanasema ni mapepo. Dada, iangalie hio, ila uiangalie na mtu.

Nimesikia alikuwa pia na gazeti kama hili lenu? (Mwanachuo, Dodoma)

Sananda, jarida la wanawake la Kibengali linalotoka kila wiki mbili. Alikuwa mhariri tangu linaanza 1986 mpaka 2005. Mapishi yamo, mitindo imo, na ukurasa wa pili utakuta talaka na mirathi na afya ya akili, yaani yale yale ya kwenye filamu zake. Nikikaa kujibu barua zenu namfikiria sana, miaka 19 kwenye meza kama hii na huku anatoa filamu.

Binti yake si ndo Konkona? Hapo si ni upendeleo tu, mama dairekta mtoto heroini? (Mkereketwa, Nairobi)

Ndo yeye, Konkona Sen Sharma, na upendeleo upo, mtoto wa mwenye duka hahangaiki kutafuta sukari. Lakini angalia Mr. and Mrs. Iyer ya 2002 kwanza. Konkona ni Mbengali, humo anacheza Meenakshi, mke wa Kitamil wa Kibrahmini, lile tabaka la juu la Wahindu, lafudhi ya watu wa kusini kabisa, alienda Chennai kujifunza na ukimsikiliza utadhani kazaliwa huko. Tuzo ya taifa ya muigizaji bora wa kike akapata, mama yake akapata ya uongozaji kwa mara ya pili na ya skripti juu yake.

Na wewe wa Nairobi hadithi yake itakugusa, mtu wa Kenya anayekumbuka lile basi la Mandera Desemba 2015, abiria Waislamu walivyokataa kutenganishwa na wenzao, ataielewa bila kuelezwa. Meenakshi yuko kwenye basi na mtoto mchanga, kijana jirani yake anamsaidia, jina anajitambulisha Raja. Vurugu za dini zimezuka njiani. Hapo hapo anagundua kijana ni Mwislamu, jina lake Jehangir, na kitu cha kwanza kinachomtisha ni kwamba amekunywa maji kwenye chupa yake. Maji! Kundi la watu linapanda na mapanga, linauliza majina, wazee wawili Waislamu wanatolewa nje hatuwaoni tena. Wakimfikia yeye anamkalisha mtoto kwenye mapaja ya kijana anasema huyu ni mume wangu, Bwana Iyer. Yule yule wa maji.

Jehangir kazi yake ni mpiga picha, wa wanyama. Siku zile walizokwama njiani pamoja amempiga Meenakshi picha. Wanafika Kolkata, stesheni, mume wa kweli yuko pale amekuja kuwapokea, hakuna nafasi ya kusema chochote. Jehangir anautoa mkanda wa picha anampa mkononi. Hakuna jarida litakalouona. Toka lile paa la nyumba mwaka 1960 ni miaka 42, na yule mwanamke anatembea na mumewe, mtoto begani, picha zake anazo mwenyewe.